Picha ya Bomba na Springi

Mimi ni mama yake Naftaly, wa shamba moja la Bahati, karibu na Nakuru. Nilisoma misheni hadi darasa la nne, Kiswahili na hesabu. Kiingereza sikufundishwa. Nawaandikia wamama wenzangu ambao watoto wao wamesoma kuwapita, kwa sababu mimi niliona karatasi ya mtoto wangu nikaisoma kwa woga.

Mwaka wa hamsini na nne Naftaly alikuwa akifanya kazi kwa daktari wa ng'ombe, Mzungu wa Nakuru. Alipeleka dawa za chanjo kwenye mashamba ya Mau Narok. Alipewa pikipiki kuukuu, ile wazee wetu waliita tukutuku, na akaambiwa: "Ikiharibika, itengeneze mwenyewe. Ikilala wiki moja, nitatafuta mtu mwingine." Ilikuwa wakati wa Emajensi, ile hali ya hatari ya vita vya Mau Mau. Mkikuyu bila kazi hakuwa na pasi, na bila pasi alipakiwa kwenye lori akarudishwa rizavu, ardhi iliyotengewa kabila letu.

Pikipiki ikaanza kuvuja mafuta mbele, kwenye yale mabomba mawili yanayoshika gurudumu. Kila ikipita shimo iliinamisha kichwa kama beberu. Naftaly alitafuta kitabu cha kuitengeneza miezi miwili. Kwenye maduka ya Wahindi walimwonyesha vitabu vya trekta. Muuza vyuma vikuukuu alimpa kimoja, akakileta nyumbani mbio, kumbe ni cha cherehani. Tulicheka siku hiyo hadi machozi. Sikumbuki kama tumecheka vile tena.

Hatimaye Owuor, fundi wa gereji moja mjini, alimwazima chake.

"Hiki ni mke wangu wa kwanza," Owuor alimwambia. "Ukimrudisha na doa la mafuta, nitakufukuza mpaka Njoro."

Alhamisi Naftaly aliyafungua yale mabomba, akapanga kila kipande juu ya gunia kando ya pikipiki, akakiacha kitabu mezani. Ijumaa akaenda kazini kwa lori la maziwa, akafunge dawa za Jumatatu. Mimi sikwenda kuchuma maua ya pareto, mgongo uliniuma.

Jua lilikuwa limepanda kidogo Wangare, jirani yangu, alipoingia bila kubisha.

"Mama Naftaly, homgadi wako kwa Karanja!"

Homgadi walikuwa askari wa serikali waliochaguliwa vijijini kusaka watu wa msituni, na Karanja alikuwa seremala, nyumba ya tano kutoka kwetu.

"Wamepata nini?"

"Karatasi. Alichora komeo la mlango la kumtengenezea mteja. Wanasema ni bunduki. Wanakuja nyumba kwa nyumba."

Wakati ule kila mtu alijua kwamba watu wa msituni walitengeneza bunduki kwa bomba la maji, springi na komeo la mlango. Wangare alipotoka tu, nikakifungua kitabu cha Owuor. Kwenye jalada kulikuwa na pikipiki, hiyo haikunitisha. Lakini katikati nilikuta bomba refu, limepasuliwa ubavu kuonyesha springi ndani, na bolti pembeni, vyote vimepangwa kwa mstari, kila kimoja na namba yake. Mabomba yenyewe yalikuwa kando ya pikipiki yao, lakini picha ile haikuwa na pikipiki. Nikasema, Mungu wangu, mtoto amejitia kitanzi. Nikang'oa karatasi mbili, nikazisukuma motoni chini ya sufuria ya githeri.

Wakaja watatu. Walipindua godoro, wakamwaga unga. Mmoja akakichukua kitabu, akafunua hapa na pale.

"Hiki ni cha tukutuku," akasema. "Kijana wako ni fundi, mama? Mwambie anifundishe na mimi."

Akakirudisha mezani polepole, wakaenda zao. Nilibaki nimesimama, unga miguuni, githeri ikichemka.

Karanja walimchukua. Laini yetu yote, ile safu ya nyumba za vibarua, ikafungwa, hakuna kutoka mpaka Jumatatu.

Jioni Naftaly alirudi, akafunua kitabu mara tatu. "Mama, kuna karatasi zilizoanguka hapa?"

"Sijaona."

"Ni zile zenyewe za haya mabomba. Zingine zote zipo."

"Labda Owuor alikupa hivyo."

Neno hilo ni langu, sikulazimishwa na mtu. Niliona haya, wamama. Nikajiambia kijana ana akili, ameshasoma, atakumbuka.

Angeweza kumwuliza Owuor, lakini njia ilikuwa imefungwa. Basi Jumapili baada ya sala aliyarudisha mabomba kwa kukumbuka, mimi nikimshikia spana. Alipomaliza, pete moja ya chuma ilikuwa imebaki juu ya gunia. Akaizungusha kidoleni.

"Mama, ungekuwa wewe ndio pikipiki, ungekosa pete wapi?"

Alikuwa akitania. Ukweli ulikuwa umefika kwenye ncha ya ulimi wangu. Nikasema, "Kula kwanza, baba. Chakula kinapoa."

Akaiweka dirishani.

Jumatatu, akiteremka kutoka Mau Narok, sehemu ya mbele ililegea kwenye kona na gurudumu likalala. Wachungaji wa ng'ombe walimkuta mtaroni. Paja la kulia lilivunjika mahali pawili.

Nilimkuta hospitali, mguu umefungwa ubaoni. Siku ya pili Owuor akaja, kofia mkononi.

"Naftaly, ndugu yangu. Wanasema unasema kitabu changu kilikuwa kibovu."

"Hakikuwa na karatasi za mabomba ya mbele, Owuor. Sikulaumu. Lakini ungeniambia."

"Naapa kwa kaburi la baba yangu, kilikuwa kizima. Nilizitumia hizo karatasi wiki ile ile niliyokuazima." Akanigeukia. "Mama, niamini."

Mtu mzima alikuwa akijitetea mbele yangu kwa kosa langu mimi. Naftaly naye akageuza macho, akanitazama. 

"Nilizichoma," nikasema. "Siku ya msako."

Naftaly akajiinua kwa kiwiko. Kisha akasema, "Uliona nini kwenye ile picha?"

"Bunduki."

Alicheka. Alicheka mpaka ubao ukatikisika na mhudumu akaja mbio, halafu kicheko kikageuka kuwa kitu kingine, akaelekeza uso ukutani. Owuor alivaa kofia yake akatoka. Kitabu hakukidai.

Sasa ni mwaka wa nne. Naftaly anatembea kwa mkongojo. Kazi iliisha. Tulibaki hapa Bahati kwa sababu mwenye shamba alihitaji mtu wa kuandika magunia ya pareto, na kuandika hakuhitaji miguu. Karanja hajarudi.

Wamama, msako ukija mnajua wenyewe hofu ilivyo, sitawaambia msiogope. Lakini karatasi usiyoweza kuisoma, mngoje mwenye karatasi. Na kama umeshaichoma, sema siku hiyo hiyo, kabla chuma hakijafungwa. Ningesema Ijumaa jioni, angekasirika mpaka Jumapili, na Jumatatu angeenda kwa miguu.

Mwanangu hanitusi. Ananisalimu asubuhi, ananisaidia kukoka moto. Lakini hakuna karatasi anayoiweka mezani siku hizi kabla ya kunisomea kwa sauti, neno kwa neno. Jana alileta pakiti ya mbegu za kabichi. Akasimama mbele yangu kwa mkongojo wake, akaisoma yote, kina cha shimo, siku za kumwagilia, mpaka mwisho.

"Hii ni kabichi, mama," akasema. "Kabichi tu."

Akaiweka mezani, akatoka nje.