Karai la Kamati ya Istilahi

Kila Jumanne saa nne asubuhi, karani wa Kamati ya Istilahi alijaza maji kwenye karai la bluu, akaliweka katikati ya meza ya mikutano, akatandika gazeti chini yake. Ndivyo maneno ya sayansi yalivyopimwa. Neno liliandikwa kwenye kadi, kadi ikatiwa majini. Neno la mmea unaoelea sharti lielee, la mmea wa chini sharti lizame. Utaratibu huo ulipunguza mabishano.

Siku hiyo Mwenyekiti, profesa mwenye miwani mbili, moja usoni na moja kichwani, alitumbukiza kadi yake: haidrofobiki, yaani kisichoshika maji. Ikalowa chapachapa, ikawa uji.

"Karatasi za siku hizi ovyo kabisa," akasema.

Karani akatia kadi ya neno jingine la maana hiyohiyo: kataamaji. Maji yakajitenga pande zote, kadi ikatua chini ya karai, kavu. Mjumbe mmoja akasogeza daftari lake. Ikafuata mwelea, ikateremsha vizizi vyembamba; kisha mzamia, ikaenda chini ikitoa mapovu. Yote yakapita.

Maneno hayo yalikuwa ya shangazi yake karani. Kwa miaka ishirini na sita mama huyo alikuwa akiingia kwenye bwawa la mji, maji kiunoni, kung'oa magugu yasizibe mabomba, na kila gugu alilijua kwa jina alilolipa na kwa tabia zake. Hakutaka makuu. Alitaka jina lake liwe kwenye orodha ya wataalamu, mwanzoni mwa kitabu cha kamati, binti yake alione. Binti aliwaambia watu kuwa mama yake ni mhasibu.

"Usijali, shangazi," karani alikuwa amemwambia. "Utaingia."

Basi ilipofika zamu ya orodha, karani akaandika jina la shangazi na kulitia majini. Likaota mizizi. Chai ilipoletwa lilikuwa na majani matatu na ua moja jeupe. Kwa ajili ya haki, akatia na la Mwenyekiti. Likazama kifudifudi, likaganda.

"Ana shahada?" Mwenyekiti akauliza, akilitazama ua.

"Hana, profesa. Lakini maneno yote ni yake."

"Karai ni la maneno, bwana. Si la watu."

Wakapiga kura, jina la shangazi likakataliwa, watano kwa mmoja. Karani ndiye aliyekuwa akiandika kumbukumbu za kikao, kwa hiyo akaiandika na hiyo. Aliona haya mpaka masikio yakawaka moto.

Kitabu kilipotoka, alimpelekea shangazi nakala. Mama akajifuta mikono kwenye kanga, akafungua, akapitisha kidole juu ya maneno yake moja baada ya jingine. Kisha akarudi ukurasa wa mbele, akaweka kidole kwenye jina la kwanza la orodha.

"Huyu ndiye nani?"

"Mwenyekiti."

"Amewahi kuingia bwawani?"

"Hajawahi, shangazi."

"Haya." Akakifunga kitabu taratibu. "Na sasa wanataka nini? Maana hukuja kunisalimia tu, nakujua."

Karani akainamisha kichwa. Juzuu ya pili ilikuwa imeshaagizwa, maneno mia mbili, kabla ya mwisho wa mwezi.

Shangazi akavuta kigoda, akakaa, akaanza kumtajia. Karani akatoa kadi.