Sehemu ya Ishirini na Sita

Mimi nina kesi tangu kuzaliwa. Jioni ile televisheni ilipoonyesha sehemu ya mwisho ya tamthilia ya mjane mwenye hoteli, mama yangu alikuwa hospitali ananizaa. Sehemu ishirini na tano alizitazama bila kukosa hata moja. Ya ishirini na sita nikamnyima. Kwa miaka thelathini na mbili, kila nikimuudhi, hunikumbusha.

Mwisho wenyewe alihadithiwa na dada yake, Mama Mkubwa: mjane anamkataa hakimu mbele ya wageni wote, anakimbilia jikoni, anamkumbatia mpishi mpaka sufuria inaungua. Mama Mkubwa akisimulia, hata harufu ya kuungua utaisikia.

Mwezi uliopita nikaamua kusafisha jina langu. Nilipekua mtandaoni wiki nzima. Video tatu zilizoandikwa "Mwisho Kamili" zilikuwa matangazo ya dawa ya kuotesha nywele! Hatimaye nikaupata msimu mzima, umewekwa na mtu mmoja mwema kutoka kwenye kanda zake za zamani. Picha ilikuwa na michirizi, ila sauti safi.

Jumapili mchana Mama aliifunika cherehani mapema. Mama Mkubwa alikuja amenuna.

"Ya zamani yaacheni hukohuko," alisema. "Na huo mtandao umejaa uongo."

Nani angemsikiliza? Tukatazama. Hakimu akakataliwa, sawa. Kisha mjane akauza hoteli, akapanda treni peke yake. Majina ya waigizaji yakaanza kupita.

Mama akageuka, futi ya kupimia ikining'inia shingoni. "Dada, mpishi yuko wapi?"

Njia ya mwongo ni fupi, lakini ya Mama Mkubwa ilikuwa imefika miaka thelathini na mbili. Akainamisha kichwa.

"Mdogo wangu, ningeitazama saa ngapi? Nilikuwa mlangoni pa wodi, nimeshika viatu vyako, nakusikia unavyolia. Nilipoingia, cha kwanza ukaniuliza mjane kaolewa na nani. Ulikuwa umechoka sana. Nilitaka ucheke."

Nilimpenda Mama Mkubwa saa ile kuliko siku zote. Mama alisogeza kiti chake hadi kikagusana na cha dada yake.

"Zima hiyo," akaniambia. Kisha akamwegemea begani. "Haya, Dada. Anzia pale anapokimbilia jikoni."