Jembe la Hyasinta

Kariakoo walishasema yote: kwamba Hyasinta kampasua Theopista kwa jembe, kwamba Wangoni ndivyo walivyo, mwingine akaongeza na kisu. Jembe lenyewe hakuna aliyeliona, lakini mjini neno halingoji kuonekana.

Kisa kilikuwa bomba la maji, Mtaa wa Msimbazi. Theopista, mpangaji mwenzake, aliruka foleni na ndoo ya watu. Hyasinta akasema hewani, jina hakutaja: "Mjini kuna mambo! Ndoo ya kuazima, marashi ya dukani!" Foleni nzima ikaangua kicheko. Theopista akamrukia, akateleza kwenye sementi, paji likapasukia ukingo wa bomba. Damu akaipeleka polisi ingali mbichi.

Aliposomewa shitaka la kujeruhi, Hyasinta alijibu kama anayejibu uani kwake: "Mimi nilimpiga kijembe tu, basi."

Mkalimani Bakili, aliyependa Kiingereza chake kisikike hadi barazani, akamwambia hakimu Mzungu kwamba mshitakiwa amempiga mwenzake kwa jembe dogo. Na Theopista, ambaye hata kule polisi hakuwa ametaja jembe, akaona mlango umefunguka. Akashika Biblia. "Ndiyo, jembe! Nililiona kwa macho yangu haya."

Miezi minne.

Rufaa ilipofika Mahakama Kuu, zilibaki siku tano tu atoke. Wakili Natvarlal, mzaliwa wa Mchafukoge, alimnong'oneza, "Mama, tuiache. Wiki ijayo uko kwako."

"Sitafuti mlango, Bwana Wakili. Kila usiku kule ndani namla Theopista mbichi, asubuhi naamka na njaa ileile. Nataka wakubwa waseme kaongopa. Kisha naye akasimame kizimbani niliposimama mimi."

Jaji aliuliza jembe liko wapi. Halikuwahi kuletwa. Akamgeukia mkalimani wake, Mzee Pius: kumpiga mtu kijembe, maana yake nini hasa?

Mzee Pius akakuna kidevu. "Mheshimiwa, ni kama mtu aseme, hapa hapa ndani: wengine nywele za kuazima, upara wa kuzaliwa."

Watu wakamtazama Jaji kichwani. Jaji akalipapasa wigi lake polepole.

"Kwa hiyo hapo nimepigwa?"

"Umepigwa, Mheshimiwa. Barabara."

"Mbona damu siioni?"

Hata askari wa mlangoni akacheka. Hukumu ikatenguliwa, na kifungo chake.

Nje, Theopista alimngoja ngazini, kanga kaivuta hadi kwenye nyusi. Mashoga wa Kariakoo, wale wa foleni ya bomba, walikuwa wamejaa tele, shingo ndefu.

"Dada Hyasinta, yaishe," akasema, akanyoosha mkono. "Sisi majirani."

"Mpe, Hyasinta, mpe!" wakahimiza.

Hyasinta akaupokea, akaukamata kwa mikono miwili, asiuachie.

"Bwana Wakili!" aliita. "Njoo, usinipotee. Huyu hapa aliyeapa kwa Biblia kwamba kaliona jembe. Kesi yake inafunguliwa dirisha lipi?"