Ripoti ya Bwana Martini

Karatasi zilikuwa tatu, zimebanwa kwa pini, na ya juu ilikuwa na duara la kikombe cha chai. Bwana Martini, msimamizi wa shamba la kahawa kule Ganako, aliziweka mbele ya kompyuta yangu, akakunja pembe yenye jina la wauza mashine.

"Dada Leonida, nataka isomeke kama nimeandika mimi. Maneno mengine, mambo yaleyale. Bodi inakaa Ijumaa."

Kazi hiyo niliijua. Mwaka ule wa 2003 watu walikuja kwenye duka letu la stesheneri, Karatu mjini, na maneno ya wenzao, wakaondoka nayo yamevaa nguo nyingine: risala, maombi ya kazi, hata mahubiri. Sikuona dhambi. Tena nilijivunia, kamusi yangu ilikuwa imechakaa, kichwa changu bado.

Nikaanza. "Mtambo unaojiendesha" ukawa "mashine isiyongoja mkono wa mtu". "Hutambua" ikawa "hubaini". Punje za kahawa zingepita mbele ya jicho la umeme, nyeusi na zilizovunjika zikapulizwa kando kwa upepo. Nilikuwa nafurahia kabisa, mpaka nikafika ukurasa wa tatu: "Mtambo mmoja huchukua nafasi ya vibarua arobaini."

Ghala la Bwana Martini lina wanawake wanaochambua kahawa kwa mkono. Mmoja wao ni mama yangu.

Nikajaribu. "Hupunguza utegemezi wa nguvukazi." Ikapendeza, nikaifuta. "Huokoa mikono mingi." Nikaifuta pia. Kadiri sentensi ilivyolainika ndivyo nilivyozidi kujichukia.

Jioni nilimweleza mama ukweli wote. Hakulia. Alinawa mikono, akauliza swali moja.

"Hiyo mashine inanusa?"

"Haijaandikwa, mama."

"Basi punje chachu itaijuaje? Ile haina doa. Imependeza kama bwana harusi, lakini isogeze puani uone." Akacheka, kisha akafuta mikono. "Wataileta tu, mwanangu. Mwenye shamba hanusi, anauza."

Nikamwomba anitajie wenzake. Akawataja kama wanavyokaa mikekani, kuanzia mlangoni, maana ghalani mtu hakai mahali pa mwenzake hata mwenyewe akiwa anaumwa. Pamoja naye walitimia arobaini.

Alhamisi Bwana Martini aliisoma ripoti akiwa amesimama. Kurasa mbili zilimfurahisha. Kwenye wa tatu akavuta kiti. Penye vibarua arobaini nilikuwa nimeandika: "Mtambo mmoja huchukua nafasi ya Benedicta, Resiato, Judith, Veronika..." mstari baada ya mstari, mpaka wa mwisho.

"Hii nitaisomaje mbele ya watu?"

"Ukitaka utampa mwingine aandike, Bwana Martini. Mimi maneno yameniishia."

Alirudi mwanzo wa orodha, kidole kikishuka jina kwa jina, midomo ikicheza. Nilidhani anatafuta kosa la kunifokea.

"Nanyori hayumo," akasema.

"Nanyori yupi?"

"Ameanza Jumatatu. Hajapata mkeka, anakaa karibu na mizani." Akanisogezea karatasi. "Mwongeze."