Msichana Mwenye Kikaango

"Umemfuta wewe mwenyewe, mama! Kwa kidole chako mwenyewe!"

"Punguza sauti. Bibi yako amelala."

"Hajalala. Anajifanya amelala. Siku hizi anajifanya kila kitu ili usimrudishe kwa daktari."

Nilikuwa jikoni nakata nyama iliyokaushwa ya chakula cha mchana, na Maiara, binti yangu wa miaka kumi na saba, alikuwa amenisogezea simu yake hadi puani. Alikuwa ametoka kwa rafiki yake Jadiel, ng'ambo ya barabara, bado na sare ya shule. Kwenye simu kulikuwa na picha aliyoipiga huko: kimashine cha gemu cha kushika mkononi, ndugu wa kile nilichomnunulia mama, na ndani ya kioo chake msichana mdogo mwenye utepe mwekundu kichwani, ameinua kikaango, tayari kumtandika popo.

"Unamwona?" akauliza. "Au na mimi nipelekwe kwa daktari?"

Nilimwona. Nikaweka kisu chini.

Mama yangu, Erotildes, alihamia kwangu baada ya kiharusi kilichomwacha na mkono wa kushoto mzito kama gunia lililolowa. Nyumba yake ya mtaa wa José Pinheiro niliifunga mimi. Mimi ni mtu wa kumaliza kazi. Nikianza kufagia sisimami kuangalia picha ukutani. Chumba cha mbele bado kilikuwa na rafu zake. Baba alipofariki, miaka ya tisini mwanzoni, mama alikigeuza kuwa chumba cha gemu: televisheni nne, mashine nne, benchi, na watoto wa mtaa wanalipa kwa saa. Walimwita Dona Tidinha, yaani Bi Tidinha. Asubuhi, watoto wakiwa shuleni, alikuwa anacheza mwenyewe, na walipotoka, mtoto aliyekwama kwa nyoka wa ngazi ya tatu alimwachia Dona Tidinha kishikio cha kuchezea amvushe.

Haya yote nilisimuliwa. Chumba kile ndicho kilichonisomesha Recife hadi nikapata stashahada ya uhasibu, lakini kila nilipokuja likizo nilipita mlango wa nyuma. Zile kelele zilinitia aibu. Sikuwahi kukaa hata mara moja kutazama kilichokuwa kwenye kioo.

Kwa hiyo kuviondoa hakukuniuma. Mashine na masanduku ya kaseti za gemu alivichukua mtu anayekusanya vitu vya zamani. Alikuja na gari asubuhi, akaondoka anapiga mluzi. Mama sikumuuliza. Nilijiambia kwamba vitu vyote vile siku hizi vinaingia kwenye kifaa kinachotosha mfuko wa aproni.

Na ni kweli vinaingia. Mtaalamu wa viungo alikuwa amesema kidole gumba cha kushoto kipewe kazi, la sivyo kitalala moja kwa moja. Nikaagiza kimashine. Kilipofika nilikishughulikia kama ninavyoshughulikia stoo ya kazini. Kadi ya kumbukumbu iliyokuja nacho niliitoa, maana kila mtu anasema hufa mapema, nikatia mpya. Nikapakia programu ya kuigiza mashine za zamani, nikatengeneza folda, kila mashine na folda yake, nikazimimina gemu humo. Hapo ndipo nikaona vurugu: gemu moja imejirudia mara tatu, mara nne. Ya Marekani, ya Ulaya, ya Japani, ya hapa kwetu Brazili. Marudio. Mhasibu akiona marudio hawezi kulala. Nikaacha moja moja, zile za Marekani, zilizobaki nikazifuta. Orodha ikawa safi kama kabati la vyombo lililopangwa upya, na nilifurahi, tena nilijipongeza kwa kikombe cha kahawa.

Mtu yeyote aliyekalia benchi la mama yangu angenizuia. Miaka ile kulikuwa na kiwanda cha hapa nchini kilichokuwa kinachukua gemu ya nje, kinamtoa shujaa wake, na mahali pake kinamweka mtu wa vitabu vya katuni vya watoto wetu. Huko nje alikuwa askari mwenye vazi la chuma na upanga. Kwetu alikuwa Dita, binti wa mpishi, na kikaango chake. Mlima uleule, mawe yaleyale, popo walewale. Kwenye kompyuta ilionekana marudio. Watoto wa José Pinheiro hawakujua kuwa askari yule yupo duniani.

Na mimi sikujua kuwa Dita yupo.

Nilimkalisha mama kwenye meza ya sebuleni, nikamtilia mto mgongoni, nikampa kimashine. Alikuwa ameniambia anataka ile ya mlima wa moto, nami niliitafuta kwa picha ya mlima nikaipata. Alitabasamu muziki ulipoanza. Kisha tabasamu likasimama.

"Huyu nani?"

"Ndiyo gemu yenyewe, mama. Cheza."

"Dita yuko wapi?"

"Dita gani?"

"Msichana. Ana utepe. Anapiga kwa kikaango."

"Mama, hakuna msichana hapa. Tazama. Mwanamume, ana upanga."

Akatazama. Akacheza kidogo, kidole gumba kinasuasua. "Hapo mbele kuna mlango chini ya jiwe," akasema, na kweli ulikuwepo. "Sasa nyoka anatoka kulia." Nyoka akatoka kulia. Alikuwa anayajua yote, kila shimo, kila jiwe, kama mtu anayetembea nyumbani kwake gizani. Kisha akakiweka mezani. "Nyumba ni yangu," akasema, "ila wameniwekea mtu mwingine."

Ningeweza kuuliza. Ningeweza kumpigia simu mtu mmoja tu wa mtaa ule wa zamani. Badala yake nilisema, kwa ile sauti ninayoitumia kwa vijana wanaokosea hesabu za stoo, "Mama, huyo Dita umemzua. Hajawahi kuwepo."

Hakubishana. Laiti angebishana.

Alimuulizia tena siku chache baadaye, na tena, mpaka kwenye miadi ya kliniki nikamwambia daktari, mama akiwa amekaa palepale kati yetu, kwamba anaona msichana asiyekuwepo. Daktari alikuwa kijana mpole. Aliniuliza mimi, hakumuuliza yeye. Akaandika kwenye kompyuta yake, akampa dawa ya matone ya kunywa jioni. Ilimfanya mama awe mzito, awe taratibu, awe kama mtu anayesikiliza redio ya jirani. Nilisema nyumba imetulia.

Kisha yakaanza maswali mengine. "Lindalva, hii chumvi nimetia au nimezua?" "Lindalva, leo ni siku ya soko, au nimezua?" Asubuhi moja nilimkuta amesimama kwenye korido, ameshika picha ya baba, ananitazama kwa adabu kama anavyotazamwa karani wa ofisi ya serikali. "Huyu aliwahi kuwepo?" akaniuliza. "Usinionee huruma. Sema tu."

Nilimjibu kwamba alikuwepo. Nilimjibu haraka haraka, huku natafuta funguo za gari, kwa sababu nilikuwa nachelewa kazini.

Hayo ndiyo yaliyopita kichwani nilipokuwa natazama picha kwenye simu ya Maiara, nyama imebaki nusu kwenye ubao.

"Baba yake Jadiel alikulia José Pinheiro, na hakufuta kitu," Maiara akasema, sasa kwa sauti ya chini, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi. "Za Brazili zote anazo. Aliponionyesha akacheka, akasema, 'Bibi yako ndiye aliyekuwa anatuvusha kwa nyoka.' Mama, mtaa ule mzima unamjua Dita. Mtaa mzima isipokuwa wewe."

"Sikujua."

"Najua hukujua. Lakini ulisema kama mtu anayejua."

Alikuwa amekuja na faili ya gemu ile. Tukachomoa kadi ya kimashine cha mama, tukaitia kwenye kompyuta, tukaiweka ile faili kwenye folda yake. Kazi yenyewe haikuchukua hata muda wa kahawa kuchemka. Nikarudisha kadi, nikawasha, na Dita akatokea chini ya mlima wake, mdogo, mkaidi, utepe unapepea.

"Sawa," nikasema. "Tutamwambia limetoka toleo jipya. Kwamba watu wamelitengeneza juzi juzi, wamemtia msichana."

Maiara akanitazama. Ana macho ya mama yangu, na siku ile yalikuwa makavu kabisa.

"Yaani umpe Dita, halafu umwambie bado alikuwa anazua."

"Ili asiumie."

"Ili nani asiumie, mama?"

Nilisikia sufuria ya maharage inavyotokota, na kule chumbani kwa mama kitanda kinalia, maana ni kweli hakuwa amelala.

Nikazima jiko. Nikafuta mikono kwenye aproni, nikachukua kimashine, nikaenda.

Alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda, mkono mzito mapajani, umefunikwa na ule mwepesi. Mlango ulikuwa wazi. Alikuwa amesikia, nadhani, mengi kuliko niliyopenda, lakini si yote, kwa kuwa nilipompa kimashine alikipokea kwa woga, kama anayepewa karatasi ya mtihani.

Akatazama.

"Lindalva," akasema mwishowe. "Niambie unachokiona wewe kwanza."

"Namwona msichana. Ana utepe mwekundu na kikaango. Ni Dita. Hukumzua, mama. Alikuwemo humu tangu mwanzo, mimi nilimfuta nikidhani ni marudio. Kaseti yako nayo niliitoa mimi, sikukuuliza. Kichwa chako hakina kosa. Kosa ni langu."

Sikupiga magoti na yeye hakulia. Sisi si watu wa hivyo. Aligusa kioo kwa kidole cha mkono mzima, juu ya ule utepe, taratibu, kama anayempangusa mtoto vumbi.

"Nilikuwa nimeshaanza kumzika," akasema.

"Nisamehe."

"Ngoja kwanza. Nilikuwa nimeshaanza kujizika na mimi. Baba yako nilikuwa namwangalia kwenye picha, najiuliza kama nilimpika mwenyewe kichwani kwa upweke." Akapumua. "Yule kijana daktari anajua?"

"Bado."

"Kwenye kompyuta yake imeandikwa kwamba mimi naona watu."

"Nitampigia, mama. Kesho asubuhi nikifika kazini nitampigia."

"Kwani leo simu zimekufa?"

Mlangoni Maiara alikuwa amesimama, begi la shule bado mgongoni. Nilitoa simu mfukoni, nikatafuta namba ya kliniki, nikaipiga palepale nikiwa nimesimama mbele ya mama yangu, na nikaweka sauti ya nje ili naye asikie. Akapokea msichana wa mapokezi. Akauliza jina la mgonjwa, akauliza shida.

"Jina ni Erotildes," nikasema. "Nataka kurekebisha alichoandika daktari, na nataka miadi ili aitazame upya ile dawa ya matone. Mimi ni binti yake. Nilisema anaona mtu asiyekuwepo. Huyo mtu yupo. Mama yangu alikuwa sahihi, mimi ndiye niliyekosea. Andika hivyohivyo."

Upande wa pili zikasikika kelele za vitufe vya kompyuta.

Mama aliinua kidole kabla sijakata.

"Mwambie tena," akasema. "Polepole. Huyo mtoto bado anaandika."

Nikarudia.