Swichi Nne Ndani ya Kompyuta Moja

...na ya nne nayo imeamka, kila moja katika kidirisha chake, swichi nne za kuunganishia mtandao, zisizo na bati wala taa, faili tu zinazojiona vyuma, zote ndani ya kompyuta kuukuu inayonguruma mezani hapa Ngoingwa, na Tabby hapumui, maana Erastus, mkubwa wake kazini Ruiru, alimwambia bila hata kupandisha sauti, hutagusa swichi za jengo la Mwiki tena mpaka unionyeshe huko kwenu kwamba duara lako la waya halizamishi mtandao, heri angefoka... ghorofa tatu zilikosa mtandao hadi saa saba mchana, kwa waya mmoja wa ziada alioufunga yeye, ujumbe ukazunguka, ukazunguka, hauna pa kutokea... "Tabby! Hiyo kitu itanguruma mpaka lini? Mi nataka soketi nipige pasi," mama yake huyo, mlangoni, "Dakika mbili, Mum, usichomoe, tafadhali," "Dakika zako ni kama kesho ya fundi wa nguo," na sasa zichague kiongozi, zina desturi yao, kila moja hutaja nambari yake, yenye nambari ndogo kuliko zote huwa kiongozi, na mojawapo ya nyingine hufunga mlango wake mmoja wa waya yenyewe ili duara likatike, lakini mbona... ya kwanza inasema kiongozi ni mimi, ya pili mimi, ya tatu, ya nne, mimi, mimi, amekosea tena, haya, asome nambari, tarakimu kwa tarakimu, kama anavyokagua kufuli mara tatu, hii inaishia saba moja, na ya pili saba moja, na ya tatu... Ngai! Alitengeneza moja akainakili mara tatu, na nambari ya kuzaliwa ikanakiliwa nayo, kila moja inasikia nambari yake ikitoka kwa mwenzake, hakuna iliyo ndogo, hakuna ya kupisha, wala hazijaharibika, zinatii, zinatii sheria iliyoandikwa na mtu asiyemjua, kabla yeye hajazaliwa, zinaitii juu ya meza hii ya plastiki kama inavyotiiwa chini ya mji mzima, salamu za Thika zikifika Ruiru kwa sababu mahali fulani kuna mlango uliokubali kufungwa, na malaika yakamsimama mikononi... Mwiki basi haikuwa mkosi wake, ilikuwa na sababu, na sababu husomeka... simu inatetemeka, Erastus, "Niaje Tabby, imekubali?" na zote nne bado zinasema mimi, na mama bado amesimama na pasi mkononi, "Haijakubali," akasema, akashangaa kujisikia anacheka, "lakini usikate simu, nikuonyeshe kwa nini."