Rafu ya Mchanganyiko

"Sipigi," Mama Gundi alisema, akausukuma muhuri wenye neno KIFUTWE mpaka ukingoni mwa meza.

Mkuu mpya wa maktaba alishusha pumzi. Alikuwa kijana ambaye Mama Gundi angeweza kumzaa. Shati lake lilikuwa limenyooka, na orodha yake vilevile: vitabu thelathini na kimoja, rafu nzima ya Mchanganyiko, havijaazimwa kwa miaka mitatu. Saa tisa alasiri gari la karatasi chakavu lingekuja kuvizoa. Mama Gundi, mshona vitabu wa maktaba, alitakiwa kugonga muhuri tu.

"Mama, tazama mwenyewe. Hiki cha ndege wa porini hakina tarehe hata moja. Hizi tamthilia za vijana, hakuna. Hii riwaya ya padri aliyegombana na Mungu, ndiyo kabisa. Havisomwi."

"Havisomwi?" Mama Gundi alicheka kicheko kisicho na raha. Miaka ishirini na sita alikuwa ameshona vitabu katika chumba cha nyuma, na alijua kwamba kitabu kisichosomwa hakivunjiki mgongo. "Cha ndege nimekishona mara nne. Kila mara kinakatikia kwenye ukurasa wa bundi. Tamthilia zina penseli, kila mtu kapigia mstari maneno yake. Na huyo padri wako, tazama kurasa za mwisho zilivyo. Huo ni uchafu wa vidole, baba. Vitabu havijichafui."

"Sasa kama ni vichafu, si ndiyo sababu ya kuvitupa?"

Mdomo umeponza kichwa. Mama Gundi aliona uchungu, kisha akaona hasira.

"Wanaovisoma hawana kadi," alisema. "Kadi inataka barua ya mwenye nyumba. Mlinzi anayelala langoni ataitoa wapi? Wanasoma wamesimama, wanarudisha. Tarehe zako haziwaoni."

"Kanuni ni kanuni, mama. Kisichoazimwa kinaondoka."

"Na kilichoazimwa?"

"Hicho hakiguswi. Lakini..."

Mama Gundi hakungoja hiyo lakini. Alivipakia vyote kwenye toroli, akalisukuma mpaka kwa karani wa mapokezi, akaweka mezani kadi yake ya mfanyakazi.

"Niandikie vyote."

Karani alifungua daftari la kanuni. Wanafunzi, vitabu viwili. Wanachama, vitatu. Wafanyakazi, palikuwa patupu. Hakuna aliyewahi kufikiri kwamba mfanyakazi angetaka kusoma. Karani aliinama kuficha tabasamu, akaanza kugonga tarehe kitabu kimoja kimoja.

"Hii ni dharau," mkuu alisema nyuma yao. "Kesho tutazungumza habari ya kazi yako."

"Kesho nipo."

Kazi ile Mama Gundi aliihitaji, tena sana, na kwa umri wake nani angemwajiri? Hata hivyo alitoka na toroli lake, akavipanga vitabu kwenye ngazi za mbele, chini kabisa ya dirisha la ofisi ya mkuu.

Gari la karatasi lilikuja, likaambiwa hakuna mzigo, likaondoka. Mlinzi wa jengo la jirani alikuja akachukua cha ndege, hakuulizwa kadi wala barua. Baadaye wakaja wasichana wawili wa kikundi cha maigizo, wakaketi na tamthilia magotini.

"Mwenzetu leo hakuja," mmoja alisema. "Bibi, utatusomea maneno ya malkia?"

"Mimi? Mimi nashona tu, mwanangu."

"Ni machache."

Mama Gundi alifuta mikono kwenye aproni, akaweka kidole chini ya mstari. "Mimi... siondoki... kwenye nyumba hii."

"Siyo hivyo, bibi. Hapo amekasirika."

"Ala! Kumbe amekasirika?"

Juu yao dirisha la mkuu lilifunguliwa. Mama Gundi alisimama, akakikunjua kitabu vizuri, akaanza upya.